Faili Lisilofunguka

Kwa miaka saba baba aliniuliza swali lilelile kila nilipokwenda Madaba kumsalimia. Nikishamwamkia, nikishakunywa maji na kusimulia safari, alijikohoza kidogo na kusema, "Na ile ya mama yako, bado tu haijafunguka?" Nami namjibu, bado baba, tunaishughulikia. Nilijibu hivyo mara nyingi mpaka nikaanza kulichukia swali lenyewe. Mimi si mtu wa kuchelewesha mambo. Wanaofanya kazi na mimi wanalijua hilo na baadhi yao wananiogopa kwa sababu hiyo. Lakini hili lilinishinda, na lilinishinda kwa jambo la kipuuzi: kipindi cha runinga kilichorekodiwa kwenye diski ya watu, ambacho niliambiwa hakifunguki popote isipokuwa kwenye king'amuzi kilichokirekodi, na king'amuzi chenyewe nikaambiwa kilipigwa na radi.

Kipindi kilihusu uji. Mimi nafundisha shule ya msingi Mshangano, pale mji wa Songea unapoishia na mashamba yanapoanzia. Mkoa wetu unalima mahindi mpaka tunakosa pa kuyaweka, malori yanatoka mbali kuja kuyabeba, halafu mtoto wa darasa la pili ananilalia juu ya dawati saa nne asubuhi kwa njaa. Jambo hilo lilinitia hasira. Nilikwenda kwa mwalimu mkuu, akaniambia hakuna fungu. Nikampigia simu mama kulalamika, nikitegemea anibembeleze, kwa kuwa hata mtu mzima hupenda kubembelezwa na mama yake. Hakunibembeleza. Wiki iliyofuata akanipigia yeye: nenda stendi, kuna mzigo wako.

Lilikuwa gunia la mahindi, limejaa debe sita, kutoka kwenye kihenge chake mwenyewe. Aliniambia nianze nalo hilo. Wazazi wakiona sufuria inafuka moshi watachangia, na wasipochangia, basi watoto watakuwa wamekunywa uji wa gunia moja, hakuna aliyekufa kwa hilo. Nikaazima sufuria kubwa parokiani, nikapeleka mahindi mashineni, nikapika mwenyewe siku ya kwanza nikiwa na chaki mikononi. Baadaye nikaanza kupita nyumba kwa nyumba kuomba debe mojamoja. Niliambiwa mengi huko. Kuna mama alinifungia mlango huku akisema mwalimu amekosa kazi ya kufanya, na leo mjukuu wake anakunywa vikombe viwili.

Mwenzangu alijiunga mwezi wa tatu. Namwita mwenzangu kwa sababu ndivyo alivyokuwa: tulikaa meza moja ofisini, tuliazimana viatu, tulikunywa chai kikombe kimoja maziwa yakiwa machache. Mimi nilimwita Madam, naye aliniita Madam, kama walimu wa kike wanavyoitana, lakini sisi tulikuwa tunaitana hivyo kwa kutaniana. Alikuwa mtu wa Mbinga, msemaji mzuri, mwenye sauti ambayo ukimpa wazazi mia mbili mkutanoni wanatulia. Mimi nikisimama mbele ya wazazi nagombana nao. Kwa hiyo tuligawana: mimi sufuria na madebe, yeye daftari na mikutano. Sikatai kwamba alifanya kazi. Nasema hili mapema ili nisionekane nimemnyima haki yake.

Mwaka wa pili wa uji, watu wa televisheni walituma ujumbe kwamba watakuja shuleni kupiga picha. Tulifanya maandalizi, tukachora mistari ya chokaa kwenye njia, watoto wakafua sare. Siku mbili kabla hawajafika nikapigiwa simu kutoka Madaba. Mama alikuwa ameanguka shambani na hakuamka tena. Niliondoka na nguo nilizovaa. Kwa hiyo siku kamera zinazunguka sufuria yangu, mimi nilikuwa nimekaa chini kwenye mkeka, tunamsubiri mama atolewe ndani.

Walimu wenzangu walikuja msibani siku tuliyoondoa matanga, wakiwa na rambirambi na kitenge. Mwenzangu alikaa karibu yangu mkekani, akanishika mkono. Akaniambia kwa sauti ya chini, lakini wanawake waliokuwa karibu wote walisikia, "Madam, nimewaambia. Nimesema mwanzilishi ni wewe, na kwamba upo msibani. Na mama nimemtaja. Nimesema gunia la kwanza ni lake, kutoka Madaba. Watanzania wote watamsikia."

Nililia sana, na kilio kile kilikuwa tofauti na cha siku zile nyingine. Shangazi zangu walipiga vigelegele vidogo hapohapo, vile vya msibani vinavyokatishwa katikati. Nikainuka, nikatoka nje walipokaa wanaume, nikamchuchumalia baba na kumwambia: mama ametajwa kwenye televisheni. Baba alikuwa hajasema neno tangu kuzika. Aliniuliza, "Wamelitaja gunia?" Nikasema ndiyo. Akaitikia kwa kichwa mara kadhaa, kisha akaomba uji, chakula chake cha kwanza tangu msiba utokee.

Kipindi kilirushwa wiki chache baadaye. Jioni ile umeme ulikatika upande wangu wa Mshangano, jambo ambalo halimshangazi mkazi yeyote. Kesho yake mwenzangu akanituliza: mume wake alikirekodi kwenye king'amuzi, kipo kwenye diski, nitakiona. Baada ya hapo zikaanza sababu. Nimekwenda kwake mara ya kwanza, rimoti haina betri. Mara ya pili, diski imeazimwa. Mara ya tatu akaniletea ofisini faili kwenye flashi, nikachomeka nyumbani, runinga ikaandika kwamba aina hiyo ya faili haitambuliki. "Si unaona?" aliniambia. "Vitu vya ving'amuzi ndivyo vilivyo. Haifunguki nje." Kisha ikaja habari ya radi.

Nilimwamini. Nikikumbuka sasa natamani kujizaba kofi. Kwa sababu ishara zilikuwepo, na mimi ndiye ninayesahihisha madaftari ya watoto na kujua nani amemtazamia nani. Mwenzangu aliitwa Dodoma kwenye semina ya chakula shuleni. Nikajiambia wamemchagua kwa sababu anajua kuongea. Alipewa cheti, kikatundikwa ofisini juu ya kiti chake. Nikapiga makofi kuliko wote. Mara mbili tatu niliingia ofisini mazungumzo yakakatika, mtu mmoja akaanza kuulizia chaki. Walimu wale karibu wote walikuwa wameangalia kipindi. Walijua, wakanyamaza, na kila saa nne asubuhi tulikunywa wote uji uleule.

Mwaka huu macho ya baba yameanza kuingia ukungu. Daktari wa Peramiho alisema moja limekwisha na la pili halina muda mrefu. Nilipokwenda kumsalimia Pasaka hakuniuliza swali lake kwa namna ya kawaida. Alisema, "Mwanangu, ukiipata sasa bado nitaiona. Ukichelewa nitaisikia tu." Nilirudi Songea nikiwa nimeamua.

Mwenzangu hakuwepo, alikuwa Mbinga kwenye harusi ya mdogo wake. Nikamkuta mume wake nyumbani, mtu mpole, fundi wa kupaka rangi. Shikamoo zangu hazitaki kwa sababu tuko rika moja, huwa tunataniana tu. Nikamwambia, shemeji, nahitaji ile diski ya rekodi. Akainuka palepale na kuitoa nyuma ya runinga. King'amuzi kilikuwa kimekaa hapo, taa yake ya kijani inawaka.

"Si kilipigwa na radi hiki?" nikamuuliza.

"Radi gani? Kinafanya kazi vizuri tu, shemeji. Juzi tu mama watoto kawawekea wageni kile kipindi chenu cha uji."

Nikafikiri, basi watakuwa wamekitengeneza. Hebu niambie, mtu mwenye akili timamu anafikirije hivyo? Lakini ndivyo nilivyofikiri. Nikashukuru, nikaifunga diski kwenye khanga na kuondoka.

Karibu na soko kuna dada wa Tunduru mwenye stesheneri. Mbele anatoa kopi na kupiga picha za pasipoti, nyuma ya pazia anahariri video za harusi. Ni mtu makini, havai heshima usoni tu, anayo na kwenye kazi. Alichomeka diski, akatazama, akacheka kidogo.

"Mwalimu, mpira mtupu humu. Mechi arobaini. Chako kipi?"

Nikamwambia ni kipindi cha shule, kuna walimu na sufuria. Nikageuza kiti changu nikaangalia pazia. Nilikuwa nimejiwekea nadhiri kwamba nitakiona kwa mara ya kwanza nikiwa na baba, wala si peke yangu kwenye duka la watu. Nilisikia sauti za watoto wangu kwa nukta moja, kisha akavaa vipokea sauti vyake masikioni.

"Faili ni zima," alisema. "Halijaharibika hata chembe. Ni vile king'amuzi kinahifadhi kwa namna yake, runinga za watu zinalikataa. Nalibadilisha liwe MP4, wallahi litacheza mpaka kwenye simu."

"Kwa hiyo siku zote lilikuwa linabadilishika?"

"Kazi ya nusu saa, mwalimu. Hata ungekuja mwaka juzi."

Alifanya kazi yake. Kila baada ya muda alisogeza mbele kidogo kuhakikisha picha na sauti vinakwenda pamoja. Nilimwona kwa pembeni akiacha kusogeza. Alisikiliza kwa muda, kisha akavua vile vipokea sauti na kuviweka mezani.

"Na wewe umo humu?" aliniuliza.

"Mimi simo, nilikuwa msibani. Lakini wamenitaja. Na mama yangu wamemtaja."

"Ungeangalia kwanza, dada yangu," alisema. "Kabla hujaondoka nacho."

Nikamuuliza kama sauti ina matatizo. Akasema sauti iko sawa. Nikasema basi nitaangalia na baba. Akanipa flashi, na sikuelewa kwa nini alinisindikiza mpaka barabarani.

Nilimpigia baba simu jioni ileile. Nilipofika Madaba Jumapili mchana nilikuta ameita jumuiya nzima. Nilidhani tutakuwa sisi na shangazi. Lakini baba aliona mke wake anatajwa mbele ya Watanzania, haiwezekani majirani waliomzika wasiwepo. Kwa hiyo ikawa ibada. Mwenyekiti wa jumuiya akaongoza rozari kwa ajili ya marehemu, tukaimba, kisha watu wakasogeza mabenchi mbele ya ile runinga ndogo niliyomnunulia baba Krismasi. Baba alikuwa amevaa koti. Wakamweka mbele kabisa, magoti yake karibu yaguse meza, amegeuza upande wa jicho linaloona.

Nikachomeka flashi na faili likafunguka.

Shule yangu ikatokea, na ile mistari ya chokaa, na sufuria. Wanawake wakapiga vigelegele. Nikamwona mwenzangu amesimama kando ya moto, kitambaa cha kichwani ni changu, nilimwazima mimi. Mtangazaji akamuuliza wazo lilianzaje.

"Wazo lilinijia mimi," alisema, kwa ile sauti yake nzuri. "Niliona watoto wanazirai, nikashindwa kuvumilia. Gunia la kwanza nilitumiwa na mama yangu mzazi, mkulima wa Mbinga. Mama yupo, namshukuru sana."

Nikafikiri labda ataendelea. Watu wote walifikiri hivyo, kwa sababu hakuna aliyejitikisa kwenye benchi. Akaendelea kweli.

"Wenzangu walinicheka. Hata rafiki yangu ninayekaa naye meza moja aliniambia nitachoka. Nikamwambia nitapika hata peke yangu."

Mtangazaji akamsifu. Watoto wakaimba. Kipindi kikahamia kwenye habari za barabara ya wilaya nyingine, nami nikakiacha kiendelee kucheza. Mwenyekiti alisema taratibu, "Labda wamemtaja mbele." Tukaangalia barabara, tukaangalia hali ya hewa, tukaangalia tangazo la sabuni. Mpira ulipoanza baba akasema, "Zima, mwanangu."

Mwenyekiti akafunga kwa sala. Mama mmoja wakati anaaga alinishika bega na kuniambia watu wa runinga nao hukatakata maneno ya watu. Alinionea huruma, nikaona aibu zaidi. Mama yangu alikuwa amelala ndani, hajazikwa, wakati yule anamshukuru mama yake aliye hai kwa mahindi yetu.

Wahenga walisema njia ya mwongo ni fupi. Ya mwenzangu ilimfikisha Dodoma na kurudi.

Nilimkuta kwake Jumatatu baada ya masomo, anachambua maharage kwenye ungo. Mume wake hakuwepo. Sikuamkia. Nikamwambia, nimekiona.

Unajua alichouliza kwanza? Aliuliza, "Nani amekupa?"

"Shemeji."

"Mimi si nilikwambia hiyo haifunguki?" Na aliudhika, naapa aliudhika, kama vile mimi ndiye niliyevunja mlango wa mtu.

Nilimpa maneno yangu yote. Sitayaandika, maana nilipandisha sauti mpaka majirani wakatoka. Yeye aliendelea kuchambua maharage, mawe kushoto, maharage kulia. Nilipochoka akasema, "Ulikuwa umekaa kwenye mkeka, macho yamevimba. Wenzetu wote wananiangalia. Ningekwambia nini pale, Madam? Nilitafuta neno la kukufaa siku ile. Sikujua utakaa nalo."

"Na kwamba nilikucheka?"

Hapo mkono wake ulisimama. Akaanza kulia. Akasema kamera ilikuwa usoni, maneno yalitoka, akishasema moja ikabidi aseme la pili. Akasema kila mwaka alitaka kuniambia na kila mwaka ilizidi kuwa ngumu. Nilimtazama akilia, na hili ndilo linaloniuma mpaka leo kuliko kipindi chenyewe: nilimhurumia. Miaka ya kikombe kimoja haitoki mwilini kwa siku moja.

Nikamwambia sitaki aniombe msamaha mimi. Nataka aende Madaba, akae mbele ya baba na jumuiya, aseme kwa kinywa chake gunia lilitoka wapi. Baba bado ana jicho moja, amwone anayesema. Alikubali. Alikubali haraka, akanishika mikono yote miwili ikiwa na vumbi la maharage. "Jumamosi," alisema. "Tukutane stendi saa moja asubuhi. Nitasema yote, Madam. Mbele ya Mungu."

Nikampigia baba. Akasema, "Aje. Nitawaambia watu."

Jumamosi nilifika stendi saa kumi na mbili na nusu. Nilinunua tiketi mbili. Basi la kwanza likaondoka, nikamwomba kondakta atuhamishie la pili. La pili likaondoka. Simu yake ilikuwa haipatikani, na ya mume wake iliita mpaka ikakata. Basi la tatu lilipoanza kuunguruma, kondakta akaniuliza kama napanda au naaga mtu. Nikapanda. Kiti cha pembeni yangu nilikiwekea mkoba.

Nilipotokea kwenye njia ya nyumbani niliona mabenchi yametolewa nje. Jumuiya ilikuwepo, pungufu ya ile ya kwanza lakini ilikuwepo. Baba alikuwa amekaa mbele, koti lilelile, amegeuza upande wa jicho zima kuelekea njiani. Alisikia hatua zangu, akasubiri kusikia za mtu wa pili.

"Shikamoo baba."

"Marahaba. Mgeni yuko nyuma?"

Nikachuchumaa mbele yake, mahali palepale nilipochuchumaa siku ya msiba, nikaanza kumweleza jinsi mwenzangu alivyonihakikishia, alivyolia, alivyonishika mikono, na kwamba pengine amepatwa na dharura. Watu walikuwa wanaangalia chini. Baba aliniacha niseme mpaka maneno yakaniishia.

"Huyo mwenzako mimi simjui," alisema. "Hajawahi kuniambia neno lolote. Mara zote mbili nimeambiwa na wewe."